Draiva za Zamani: Kufuta ni Jambo Moja, Kupoteza ni Jingine

Oktoba 14, 2025 wengi tuliisikia kama siku ambayo Microsoft iliacha kuihudumia Windows 10. Siku hiyohiyo, ndani ya masasisho ya mwezi, kampuni hiyo ilifanya jambo jingine lisilopigiwa kelele: iling'oa kwenye Windows faili moja linaloitwa ltmdm64.sys. Hilo ni draiva, yaani programu ndogo inayouwezesha mfumo wa kompyuta kukitumia kifaa, ya modemu za Agere, zile za kuchomekwa waya wa simu ya mezani ili kutuma faksi. Lilikuwa na udhaifu uliompa mdukuzi, akishaingia kwenye kompyuta, njia ya kujipandisha hadi kuwa mwenye mamlaka yote, na wadukuzi walishaanza kuutumia. Kibaya zaidi, faili lilikuwemo hata kwenye kompyuta ambazo hazijawahi kuonana na modemu ya Agere. Microsoft haikuhangaika kuziba tundu. Ilitupa faili zima. Aliyebaki na modemu ya aina hiyo, hata ikiwa nzima, akaelezwa kwamba haitafanya kazi tena.

Ukitaka kumpata aliyeliandika faili hilo, jiandae kufuata mirathi. Agere ilitoka tumboni mwa Lucent, ikaungana na LSI mwaka 2007, LSI ikanunuliwa na Avago mwaka 2014, na Avago ikachukua jina la Broadcom mwaka 2016 baada ya kuinunua kampuni iliyokuwa na jina hilo. Sidhani kama yupo mtu huko leo anayeamka asubuhi akiwaza modemu za faksi, na simlaumu.

Wala siilaumu Microsoft. Faili bovu linalokaa kwenye mamilioni ya kompyuta bila kazi linastahili kuondoka. Ninachobishia ni kilichozoeleka kufuata baada ya hapo. Kuondoa draiva kwenye kompyuta za watu ni uamuzi wa usalama, na una mwenyewe. Kuiacha ipotee kabisa duniani hakuamuliwi na yeyote. Hutokea tu kwa kuwa hakuna aliyepewa kazi ya kuzuia. Mambo haya mawili yamechanganywa kwa miaka mingi, na mji unaoumia zaidi kwa mchanganyiko huo ni mji unaotumia vifaa baada ya wengine kuvichoka. Yaani Dar es Salaam.

Kompyuta nyingi zinazouzwa Kariakoo na katikati ya jiji zimeshafanya kazi kwingine kabla ya kufika hapa. Ofisi ya Ulaya au ya nchi za Ghuba inaitumia miaka michache, inaifuta diski, inaipakia kwenye kontena, na sisi tunaianzishia maisha ya pili. Ikitoka kwa mnunuzi wa kwanza inakwenda kwa mwanafunzi, halafu kwenye steshenari ya kutoa kopi na kuprinti, na mwisho inaegeshwa pembeni ya mashine ya kukatia stika au kifaa cha maabara ambacho programu yake haikubali kitu kingine zaidi ya Windows XP. Hapo ndipo inapokaa muda mrefu kuliko pote. Mwenye mashine hana mpango wa kuiboresha, kwa sababu kompyuta ikibadilika, mashine ya mamilioni inakuwa chuma. XP yenyewe iliachwa Aprili 8, 2014. Mashine ya stika haina habari.

Sasa siku diski inakufa. Fundi anaweka diski nyingine, anapiga Windows upya, kila kitu kinawaka isipokuwa mtandao. Kadi ya mtandao ipo, taa inawaka, waya ni mzima, lakini mfumo endeshi hauijui. Kinachokosekana ni mafaili machache: moja la .inf, ambalo ni maandishi ya kawaida yanayoueleza mfumo kadi hii ni nani na nini kinakiliwe wapi, na moja la .sys, lenye kazi yenyewe. Mara nyingi huwemo na moja la .cat, lenye sahihi ya kidijitali ya kuthibitisha kwamba hayo mengine hayajachezewa. Draiva nyingi za kadi za zama hizo zinaenea kwenye disketi moja na nafasi inabaki. Na ili kuzipakua unahitaji mtandao, ambao ndio huna.

Mafundi wa mji huu wana majibu yao. Yupo mwenye flashi yenye 3DP Net, programu ya Wakorea inayobeba draiva za kadi za mtandao tu, ili upate njia ya kutokea ukatafute nyingine. Yupo mwenye diski ya nje iliyojaa Snappy Driver Installer, ambayo hufanya kazi bila intaneti na hula makumi ya gigabaiti. Na wapo wa zamani, wenye mabahasha ya CD zilizokuja na ubao mama wa Pentium III, nyingine zimeshaota ukungu kwa unyevu wa jiji hili. Mkusanyiko wao huwa haujatangazwa popote. Unamjua fundi, fundi anamjua mwenzake, mwenzake "anayo mahali".

Desturi hii ina sababu yake, na haikutokana na uchoyo. Mwaka 1974 serikali ilipiga marufuku uingizaji wa kompyuta nchini, na marufuku hiyo ilipolegea, zama za mitambo mikubwa ya chumba kizima zilikuwa zimeshaanza kupita. Kilichojaa mjini baada ya hapo ni kompyuta ndogo za mezani, na kadi za mtandao za bei ya chini. Intaneti yenyewe ilipita angani kwa satelaiti au kwenye laini ya simu. Modemu ya kilobiti 56 kwa sekunde, laini ikiwa shwari kabisa, inahitaji dakika 12 hivi kushusha faili la megabaiti tano, na laini haikuwa shwari kabisa. Waya wa intaneti wa SEACOM, unaopita chini ya bahari, ulipofika pwani yetu Julai 2009, mafundi walikuwa wameshazoea kwamba draiva ukiipata, unaiweka. Mikono ilifanya kazi ambayo mtandao haukuweza.

Ila mikono hiyo iliweka mafaili bila kuweka maelezo. Hili ndilo tatizo ninaloliona kubwa kuliko upungufu wa mafaili yenyewe. Fungua diski ya fundi yeyote utakuta folda inaitwa "LAN", ndani yake "LAN mpya", ndani yake "LAN mpya 2", na faili la setup.exe ambalo hata yeye hakumbuki ni la nini. Muuza spea wa Gerezani hakuulizi gari lako ni la rangi gani. Anataka namba ya chesisi. Kwenye kadi za mtandao namba hiyo ipo, na haidanganyi. Kila kadi ya PCI, yaani ya kuchomekwa kwenye tundu la aina hiyo kwenye ubao mama, hujitambulisha kwa namba mbili, ya mtengenezaji na ya kifaa. Ukiona VEN_10EC na DEV_8139, hiyo ni Realtek RTL8139, hata kama kwenye boksi imeandikwa jina la kampuni usiyoijua. 10B7 ni 3Com. 8086 ni Intel, namba ileile ya kichakataji chake maarufu, na bila shaka kuna mhandisi aliyecheka alipoichagua.

Jina la dukani, kwa upande mwingine, hudanganya sana. D-Link iliuza kadi inayoitwa DFE-530TX, yenye chipu ya VIA. Ikauza nyingine inayoitwa DFE-530TX+, yenye chipu ya Realtek. Tofauti kwa mnunuzi ni alama moja ya kujumlisha. Tofauti kwa draiva ni kubwa kiasi kwamba ya hii haina maana yoyote kwa ile. Anayehifadhi mafaili kwa majina ya boksi anahifadhi fumbo.

Kadi za zamani zaidi zina shida ya ziada ambayo wanaozungumzia uhifadhi huisahau. Kadi za ISA, tundu lililotangulia PCI, mfano 3Com 3C509 au zile nyingi zilizoiga NE2000 ya Novell, huweka mipangilio yake kwenye kumbukumbu ndogo ndani ya kadi: inatumia anwani gani, inaita kichakataji kwa njia ipi. Kuibadilisha unahitaji programu ya mtengenezaji inayoendeshwa kwenye DOS, mfumo endeshi wa zamani wa kuandika amri. Ya 3Com inaitwa 3C5X9CFG.EXE, ya Realtek 8019 inaitwa RSET8019.EXE. Unaweza kuwa na draiva sahihi kabisa na kadi isifanye kazi, kwa kuwa aliyeitumia mwisho aliipangia anwani inayogongana na kifaa kingine, na disketi ya kuipangua haipo. Kwa hiyo anayesema "nimehifadhi draiva" aulizwe pia kama amehifadhi programu ya mipangilio, na karatasi ya maelekezo kama ilikuwepo.

3Com ni mfano mzuri wa jinsi kampuni inavyoweza kuwa kubwa na bado mafaili yake yakabaki yatima. Ilianzishwa mwaka 1979, na miongoni mwa waanzilishi wake ni Robert Metcalfe, mmoja wa wabunifu wa Ethernet yenyewe, njia ya kuunganisha kompyuta kwa waya, huko Xerox mwaka 1973. Kulikuwa na kipindi ambapo kusema kadi ya mtandao ilikuwa karibu sawa na kusema 3Com. HP ikainunua, dili likafungwa Aprili 2010 kwa dola bilioni 2.7 hivi. HP ilitaka swichi na vifaa vya mitandao mikubwa. Kadi za ISA hazikuwa sababu ya kutoa hizo bilioni. Mnunuzi wa kampuni hununua hataza, wateja na wahandisi. Ukurasa wa draiva za mwaka 1994 anaurithi kama anavyorithi kapeti la ofisi.

Usidhani kwamba kampuni zilizo hai zinafanya vizuri zaidi. Mwaka 2019 Intel ilianza kuweka tangazo kwenye kurasa za draiva na BIOS (programu ya kuiwasha kompyuta) za bidhaa zake za zamani kwamba hazitapatikana baada ya Novemba 22 mwaka huo. Agosti 2020 Microsoft iliondoa kwenye kituo chake cha kupakulia mafaili yaliyokuwa na sahihi ya SHA-1 pekee, kwa kuwa njia hiyo ya kusaini imeshadhoofika. Uamuzi wa pili una mantiki ya kiusalama. Wa kwanza sijawahi kuuelewa. Gharama ya kuhifadhi megabaiti chache kwa kampuni ya ukubwa ule haionekani hata kwa darubini. Nadhani wanaogopa kuulizwa: faili likiwa kwenye tovuti yako, mtu atakupigia simu akitaka msaada.

Faili likitoka kwa mwenyewe, nafasi yake haibaki wazi. Linajitokeza kwenye tovuti za "pakua draiva bure" ambazo ukibonyeza kitufe cha kijani unapata kipakuzi, kipakuzi kinakuletea programu ya kusafisha kompyuta, na programu ya kusafisha ndiyo inayohitaji kusafishwa. Kwa fundi wa Dar anayelipia bando kutoka mfukoni hiyo ni hasara mara mbili.

Windows za biti 64 ziliongeza kufuli jingine. Tangu Vista ya biti 64, mwaka 2007, mfumo hukataa draiva isiyo na sahihi inayokubalika, na draiva ya biti 32 haiingii humo hata ikiwa na sahihi kumi. Ukifungua .inf na kubadilisha herufi moja ili kadi yako itambulike, sahihi kwenye .cat inakufa. Yale marekebisho ya mkono ambayo fundi wa XP aliyafanya kwa Notepad hayana tena mlango. Kuna njia za kuzima ukaguzi huo, na zinatumika mjini hapa kila siku, ila ni kama kuvunja kitasa kwa sababu umepoteza ufunguo: sasa yeyote anaingia.

Upande wa Linux, mfumo endeshi ambao msimbo wake uko wazi kwa wote, wanafuta pia, tena wanafuta sana. Mwaka 2012 waliondoa msaada wote wa Token Ring, mtandao wa IBM ambao Ethernet iliushinda. Tofauti ni kwamba walichoondoa bado kipo kwenye historia ya msimbo, kimeandikwa nani alikiondoa, lini, na kwa hoja gani. Mwenye kadi ya Token Ring na muda wa kuchezea anaweza kurudi nyuma akakichukua. Draiva nyingi za mwanzo za Ethernet kwenye Linux ziliandikwa na Donald Becker akiwa NASA, miaka ya 1990, na mchango wake haukufa kampuni zilipouzwa, kwa sababu haukuwa mali ya kampuni hizo. Hiki ndicho ninachokitetea: kufuta bila kupoteza. Kinawezekana, kimefanyika, na hakikuhitaji jengo.

Hapa wahandisi wa usalama wananijibu, na jibu lao ni zito. Intel ilikuwa na draiva ya kuchunguza afya ya kadi zake za Ethernet, iqvw64.sys. Udhaifu wake ulitangazwa mwaka 2015 na ukarekebishwa. Miaka mingi baadaye wadukuzi waliendelea kubeba toleo lile la zamani, lenye sahihi halali ya Intel, wakilipandikiza kwenye kompyuta ya mhanga ili kupenya hadi kwenye kiini cha mfumo na kuzima programu za ulinzi. Hawakuhitaji kadi ya Intel wala mtandao wa zamani. Walihitaji faili la zamani lenye sahihi. Kwa hiyo ghala la draiva zilizozeeka ni ghala la silaha pia, na mwenye kuliweka wazi kwa kila mpita njia anajidanganya akisema anafanya hisani.

Nalikubali hilo, na linanisukuma kwenye hitimisho tofauti na lao. Wadukuzi wanayo mafaili hayo tayari. Kufutwa kwake kwenye tovuti rasmi hakukuwanyima kitu. Aliyenyimwa ni fundi wa maabara, ambaye sasa anachukua nakala asiyojua imetoka wapi. Ghala lenye orodha, lenye alama ya SHA-256 kwa kila faili ili ujue ni lilelile lililotoka kiwandani, na lenye onyo kwa yale yenye udhaifu, ni salama kuliko flashi inayozunguka mitaa ya Kariakoo ikiokota virusi kila inapochomekwa. Na kompyuta inayotumia draiva hizo isikae kwenye intaneti. Iunganishwe na kompyuta moja tu ya jirani, itoe majibu ya vipimo au ipokee mchoro wa stika, basi.

Kuna jambo linalowashangaza wasio mafundi: kadi zilizokufa zimefufuka bila chuma. QEMU, programu ya kuendesha kompyuta pepe, yaani kompyuta ya kuigiza ndani ya kompyuta halisi, inaweza kujifanya ina kadi ya NE2000 au RTL8139. VirtualBox, programu nyingine ya aina hiyo, hujifanya ina kadi ya AMD PCnet. Waandishi wake walichagua kadi hizo kwa kuwa zinajulikana vizuri na mifumo ya zamani ilikuja na draiva zake au zilipatikana kirahisi. Maana yake ni kwamba mwenye programu ya uhasibu ya mwaka 1996 inayotaka DOS na NetWare, mfumo wa mtandao wa Novell, anaweza kuiendesha leo ndani ya laptop yake, na ndani ya kompyuta pepe hiyo atahitaji draiva ya kadi ambayo haijatengenezwa tangu wazazi wake hawajaoana. Anayedhani draiva huzeeka pamoja na kifaa chake amekosea upande wa muda. Kifaa kinaoza, mahitaji ya faili yanabaki, pengine yanaongezeka, kadiri watu wanavyotaka kutoa kumbukumbu kwenye mifumo iliyofungwa.

Modemu za USB nazo zina la kufundisha. Huawei E220 ilitoka mwaka 2006, na ndugu zake walijaa mji huu kiasi kwamba kila nyumba ina moja kwenye droo. Ukiichomeka, kwanza inajifanya CD. Ndani ya hiyo CD bandia kuna draiva na programu yake. Ukishaiweka, inajigeuza na kuwa modemu. Watu wa Linux waliona kero wakaandika usb_modeswitch kuilazimisha igeuke. Mimi naona waliobuni walikuwa na akili: kifaa na faili lake haviachani. Draiva iliyomo ni ya Windows za zama zile, kweli, ila angalau ipo, na haihitaji tovuti ya mtu.

Nani basi afanye kazi ya kuhifadhi hapa kwetu? Sitaki tovuti nyingine ya serikali yenye nembo na kurasa tupu. Tunayo Sheria ya Kumbukumbu na Nyaraka ya mwaka 2002, inayozibana taasisi za umma kutunza kumbukumbu zao, na kumbukumbu iliyomo kwenye diski ya kompyuta isiyoweza kutoa data nje haijatunzwa, hata kama boksi limefungiwa stoo kwa kufuli. Kwa hiyo idara za nyaraka zina sababu ya kujali. Ujuzi wenyewe uko vyuoni na kwa mafundi. Ningependa kuona chuo kimoja cha jiji hili kikiwapa wanafunzi wa mwaka wa pili kazi ya kukaa na mafundi wa Kariakoo, wapitie zile diski za "LAN mpya 2", waandike namba za utambulisho, toleo la mfumo, alama ya faili, na nani aliijaribu kwenye kadi gani. Hiyo ni kazi ya ukutubi. Inachosha na haina sifa, ndiyo maana haijafanyika.

Hakimiliki itasumbua. Sheria yetu ya Hakimiliki na Hakishiriki ya 1999 inalinda programu za kompyuta, na ulinzi hauishi kwa sababu kampuni imekufa. Marekani mwaka 2018 walizipa maktaba na makumbusho nafasi ya kuvunja kufuli za kidijitali kwa ajili ya kuhifadhi programu; sisi tungeweza kuanza na kitu chepesi zaidi, orodha yenye maelezo na alama za mafaili bila mafaili yenyewe. Orodha haivunji haki ya mtu, na kwa fundi ni nusu ya kazi.

Wakati hilo likisubiri mtu wa kulibeba, ofisi nyingi za mjini zinaziondoa kompyuta za Windows 10 sasa hivi, na diski zinafutwa kwa haraka. Kabla ya kufuta, chomeka flashi, tengeneza ndani yake folda iitwayo Draiva, fungua dirisha la amri kama msimamizi, na, ikiwa herufi ya flashi ni D, uandike pnputil /export-driver * D:\Draiva. Kwa dakika chache itatoa draiva zote zilizoongezwa kutoka nje, kila moja na .inf yake na sahihi yake. Zilizokuja na Windows yenyewe haitazitoa. Kwenye XP amri hiyo haipo: nenda C:\Windows\inf utafute mafaili yanayoanza na oem, soma ndani yake yanataja .sys ipi, uichukue kwenye System32\drivers, na uandike kwenye karatasi ni kadi gani, kwa namba zake mbili, kabla hujazima.